Mrehani tangu mbegu hadi mbegu: mwongozo kamili kwa wakazi wa Mtwara na Lindi

Swali ninaloulizwa kuliko yote linakuja kwa maneno yale yale, awe muulizaji yuko Shangani, Mikindani, Mingoyo au Newala: "Rehani zangu ziliota vizuri, siku ya nne nikazikuta zimelala chini. Nimekosea wapi?" Wengine hazikuota kabisa. Wengine ziliota zikakua, lakini kabla hazijafika magotini zikajaa maua, majani yakabaki madogo kama kucha na yenye ukali mdomoni.

Matatizo hayo matatu yana sababu tatu: mbegu imefukiwa chini sana, kitalu kimepewa maji kupita kiasi, ncha haikukatwa kwa wakati. Yote matatu nimeyafanya mimi mwenyewe. Mirehani mingi inayokufa hapa kwetu hufa ndani ya wiki tatu za kwanza, kwa hiyo nitakaa sana kwenye kitalu.

## Kwanza ujue unapanda nini

Mrehani na kivumbasi ni ndugu. Wote wamo katika jenasi ya Ocimum, ndani ya familia ya mnanaa. Shika shina kwa vidole viwili ulizungushe: lina pembe nne, si la duara. Majani hutoka mawili mawili yakitazamana, na kila jozi hukatisha ile iliyo chini yake. Hili la jozi usilisahau, tutalihitaji kwenye hatua ya 6.

Mrehani wenyewe, Ocimum basilicum, ndio wa kusuka vikuba pamoja na asumini, wa kumpambia bibi harusi na wa kutia kwenye mchuzi. Hufika kama nusu mita, ukishazaa mbegu unachoka. Kivumbasi kikubwa, Ocimum gratissimum, ni kichaka kinachoweza kumpita mtu kimo, shina lake huwa gumu kama mti, na jani ukilifikicha linanukia kama karafuu. Kile kidogo kinachojiotea kando ya njia na mashambani mara nyingi ni Ocimum americanum. Upo pia mtulasi, Ocimum tenuiflorum, wanaoupanda Wahindu nyumbani kwao. Majina hubadilika kutoka kijiji hadi kijiji, kwa hiyo ukiomba mbegu kwa jirani, omba kwanza jani ulinuse.

Mwongozo huu ni wa mrehani. Kivumbasi kikubwa kinafuata hatua hizi hizi, ila kipe nafasi ya mita 1 kati ya mche na mche.

## Andaa hivi kabla hujaanza

- Mbegu za mrehani, kijiko kimoja cha chai. Zinatosha na kubaki.
- Udongo wa juu kutoka chini ya miti, ndoo 2.
- Samadi ya mbuzi au ng'ombe iliyoiva, ndoo 1. Iliyoiva haina joto ukiingiza mkono, wala haina harufu ya zizi.
- Mchanga wa mto au wa korongo, ndoo 1. Usichukue mchanga wa pwani, una chumvi.
- Maji ya moto, sufuria kubwa.
- Chombo cha kuoteshea: beseni bovu, ndoo iliyopasuka au sanduku la mbao. Kitoboe chini matundu yasiyopungua 6.
- Kopo lililotobolewa kwa msumari mwembamba, la kumwagilia.
- Makuti mawili matatu na vijiti vya kuyashikilia.
- Kipande cha chandarua chakavu. Kazi yake ni kuwazuia kuku.
- Mkasi au kisu kikali.
- Nyasi kavu za kutandaza.

Samadi ya kuku ninaikwepa kwenye kitalu. Ni kali, na isipoiva sawasawa huunguza mizizi michanga.

## Lini uanze

Kwetu masika ni moja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au mwanzoni mwa Mei. Mvua ya Januari ikidondoka juu ya mche wenye majani mawili inaupiga chini na kuurushia tope, na unyevu unaodumu ndio unaoleta kuoza. Mimi huotesha mwishoni mwa Machi au ndani ya Aprili, chini ya kibaraza. Mvua zinapoondoka miche iko tayari kwenda tutani, udongo bado una unyevu, na kusi inapoanza kuvuma mmea umeshashika.

Wa Newala na Tandahimba, ambako maji ni ya kutafutwa, usianze na tuta. Panda mirehani 5 kwenye ndoo karibu na mlango wa jiko. Inatosha familia nzima, na maji uliyooshea mchele yanaitosha.

## Hatua ya 1: Ijaribu mbegu

Niliwahi kununua pakiti ya mbegu yenye picha nzuri. Nilihangaika nayo wiki tatu nikidhani kosa ni langu, hadi nilipoijaribu kwenye sahani: mbegu 20, zikaota 2. Tangu hapo sioteshi kitu bila kujaribu.

Tandika kitambaa chenye unyevu kwenye sahani, panga mbegu 20, funika kwa sahani nyingine, weka mahali penye joto ndani ya nyumba. Baada ya dakika chache utaona kila mbegu nyeusi imejivika ute wa kijivu unaong'aa, kama mayai ya chura. Usiogope. Ndivyo ilivyo mbegu ya mrehani, ndiyo ile wanaotengeneza faluda wanayoiita tukmaria. Usiichanganye na chia, ambayo ni mbegu ya Salvia hispanica: nayo ni ya familia ya mnanaa na nayo hutoa ute, lakini ina madoadoa ya kijivu na kahawia, wakati ya mrehani ni nyeusi tupu.

Hesabu siku ya 7. Zikiota 14 au zaidi, mbegu ni nzuri. Kati ya 8 na 13, tumia ila mwaga kwa wingi. Chini ya 8, tafuta nyingine.

## Hatua ya 2: Pika udongo wa kitalu

Changanya udongo, samadi na mchanga kwa vipimo vya hapo juu. Chekecha kwa wavu mpana ili mabonge na vijiti vitoke. Jaza chombo, bakisha vidole viwili juu. Kisha mimina maji yanayochemka taratibu mpaka yatokee matunduni. Acha upoe hadi kesho yake.

Maji hayo ya moto watu wengi huyaruka, halafu wanarudi kuniuliza. Miche inayolala chini siku ya nne inaugua kinyausi, kuoza kunakosababishwa na vimelea vya ukungu vinavyoishi udongoni. Inama uutazame mche wenyewe: juu majani bado ni mabichi, lakini shina pale linapogusana na udongo limesinyaa likawa jembamba kama uzi uliolowa. Mche wa namna hiyo hauponi. Joto hupunguza vimelea hivyo kabla mbegu haijafika, na matundu ya chini hufanya visipate udongo wa majimaji wanaoupenda.

## Hatua ya 3: Kuatika mbegu

Hapa naomba usome polepole.

Mwaka nilioanza nilichimba mifereji ya kina cha kidole, kama ya mchicha, nikaweka mbegu nikafukia vizuri. Siku ya 12 hakuna kitu. Nilimwita bibi mmoja jirani, Mikindani, ambaye uwani kwake mrehani haukosekani mwaka mzima.

"Shikamoo bibi, njoo unitazamie kitalu changu."

"Marahaba mwanangu." Akachomeka kidole udongoni, akakitoa, akakitazama. "Hizi hukuzipanda. Umezizika."

Alinionesha kazi nzima kwa dakika mbili. Mbegu ya mrehani ni ndogo, akiba yake ya chakula ni kidogo mno. Ikiwa chini sana, chipukizi linaishiwa nguvu kabla halijaona mwanga. Fanya hivi:

Lowesha udongo kwanza, uache maji yazame. Changanya kijiko cha mbegu kavu na kikombe cha mchanga mkavu. Usiziloweke kabla, maana ule ute utazigandisha pamoja na utamwaga mabonge. Nyunyiza mchanganyiko kwa vidole vitatu, kama unavyonyunyiza chumvi juu ya samaki. Halafu chekecha mchanga juu yake, mwembamba kiasi kwamba bado unaona mbegu moja moja ikichungulia. Unene wake usizidi nusu sentimita. Gandamiza taratibu kwa kiganja ili mbegu ishikane na udongo.

Funika kwa chandarua, simamisha makuti juu yake kimo cha goti. Kuku akiingia mara moja tu, kazi yote imekwisha.

Dalili ya mafanikio: kati ya siku ya 5 na ya 10 utaona vijani viwili vya mviringo, vyenye ubapa kwa chini, mfano wa herufi D mbili zilizopeana mgongo. Hayo si majani ya kweli bado. Ya kweli hutoka katikati yake, na ukiyagusa yananukia.

## Hatua ya 4: Maji, kwa kidole si kwa saa

"Namwagilia asubuhi na jioni kila siku," watu huniambia, kwa fahari kabisa. Kwa mchicha ulio tutani, sawa. Kwa mche wa mrehani ulio kivulini, unauzamisha.

Kila asubuhi gusa udongo kwa ncha ya kidole. Ukishikamana na kidole, ondoka, usimwagilie. Ukidondoka mkavu, mwagilia kidogo kwa kopo lenye matundu. Jioni usimwagilie, kwa sababu maji yatakesha juu ya majani na shina, na ukungu hufanya kazi usiku. Njia bora zaidi kama chombo kina matundu: kikalishe ndani ya beseni lenye maji ya kina cha vidole viwili kwa dakika 15, udongo ujinywee wenyewe kutoka chini.

Maji yenyewe uyaonje. Visima vingi vya karibu na bahari vina chumvi, na mrehani hauivumilii. Ukiona kingo za majani zinakauka rangi ya kahawia huku katikati pakiwa kijani, na juu ya udongo pana utando mweupe, chumvi imeshafika. Kinga maji ya mvua au tumia ya bomba kwa kitalu, ya kisima yabaki kwa kufulia.

Miche ikipata majani ya kweli mawili, ipunguze ikae vidole viwili mbalimbali. Usiing'oe, kata kwa mkasi ili usitingishe mizizi ya jirani. Najua inauma kuua mche mzima, lakini miche iliyobanana haipitishi hewa, na kinyausi kikianza pembeni kinaisomba yote.

Likitokea pigo hilo, kata sehemu iliyougua pamoja na udongo wake kwa kijiko, nyunyiza mchanga mkavu pale, ondoa makuti asubuhi jua likiwa pole, na usimwagilie hadi udongo ukauke juu. Mara nyingi nusu ya kitalu huokoka.

## Hatua ya 5: Kuhamishia tutani

Miche iko tayari ikifikisha kama wiki 4 hadi 5, kimo cha sentimita 10 hivi, majani ya kweli jozi 3. Wiki moja kabla, izoeshe jua: siku ya kwanza ondoa makuti asubuhi kwa muda wa saa moja tu, kesho yake kwa muda wa saa mbili, hivyo hivyo mpaka ikae jua la mchana bila kunyong'onyea.

Chagua mahali penye jua lisilopungua saa 6. Hapa nina onyo kwa wenye mikorosho. Usiweke tuta la mrehani kwenye mkondo wa upepo utokao shambani. Kuanzia mwezi wa sita watu wanapulizia salfa dhidi ya ubwiriunga, ugonjwa wa ukungu wa mikorosho, na vumbi lile hutua kwenye majani utakayokuja kuyatia kwenye sufuria. Weka tuta upande wa pili wa nyumba.

Kwenye udongo wa kichanga wakati wa kiangazi, tuta lililozama ni bora kuliko lililoinuka: chimba kina cha kiganja, changanya udongo na samadi, acha kingo pembeni, maji yatabaki mizizini. Tuta la kuinuka liwe la wakati wa mvua.

Panda jioni, sentimita 30 kati ya mche na mche. Konzi moja ya samadi kila shimo, ichanganywe na udongo. Ng'oa mche na bonge lake, ushike kwa jani, usiushike shina, maana jani likikatika litaota jingine. Usiufukie zaidi ya pale ulipokuwa umefika kitaluni. Mwagilia, tandaza nyasi, lakini nyasi zisiguse shina.

Asubuhi ya pili majani yatakuwa yamelegea. Hilo ni la kawaida. Ikifika siku ya 4 yakiwa yamesimama, umeshinda.

## Hatua ya 6: Kukata ncha

Hatua hii watu huiona ni ukatili, na ndiyo inayotofautisha mrehani wa kikuba kimoja na mrehani wa miezi minne.

Mmea ukiwa na jozi 4 za majani, keti chini mbele yake. Hesabu kutoka chini: jozi ya kwanza, ya pili. Tazama kwapani mwa majani ya jozi ya pili, pale jani linapoungana na shina. Utaona vijichipukizi viwili, kila upande kimoja, vidogo kama punje ya ufuta. Kata shina juu yake kidogo, umbali wa nusu ukucha. Sehemu yote ya juu inaondoka, ndiyo rehani yako ya kwanza kuvuna.

Ncha ndiyo iliyokuwa inavizuia vile vya kwapani visikue. Ikiondoka, baada ya siku 7 hadi 10 kila kimoja kimekuwa tawi. Tawi likifika jozi 3 au 4, likate vile vile. Shina moja linazaa 2, 2 zinazaa 4, 4 zinazaa 8. Mmea unanenepa badala ya kurefuka.

Makosa ninayoyaona sana ni kuchuma majani makubwa ya chini na kuacha ncha. Yale makubwa ndiyo yanayoulisha mmea, na ncha iliyoachwa inakwenda moja kwa moja kwenye maua. Mmea ukishaanza kutoa mbegu, shina hukauka kama kijiti, majani mapya hutoka madogo, harufu hubadilika. Kwa hiyo kila ukiona kishada cha maua kinachomoza, kikate siku hiyo hiyo, pamoja na jozi moja ya majani chini yake.

Baada ya ule mkato wa kwanza, usivune zaidi ya theluthi moja ya mmea kwa mkupuo. Kila baada ya mavuno mawili upe mmea konzi ya samadi pembeni.

Vipande ulivyokata visivyo na maua unaweza kuvipanda. Ondoa majani ya chini, kalisha kwenye glasi ya maji kivulini, badilisha maji kila siku ya pili. Ndani ya wiki moja au mbili mizizi myeupe itaonekana. Kwa wenye kitalu kilichokufa, hii ndiyo njia ya mkato: omba kitawi kwa jirani.

## Maradhi na wadudu, kwa kifupi

Mche umekatwa shingoni usiku: ni sota, kiwavi anayejificha udongoni. Fukua kuzunguka shina asubuhi, utamkuta amejikunja. Muue kwa mkono.

Majani yamejikunja, chini yake yananata: vidukari. Waoshe kwa maji, kisha nyunyiza maji yenye sabuni ya mche kidogo. Suuza kabla ya kuvuna.

Jani limekuwa la njano kati ya mishipa, na chini yake pana unyoya wa kijivu: ubwiri vinyoya. Huu si ule wa mikorosho. Hupenda majani yaliyolala na maji. Ng'oa mmea ulioathirika uuchome, panua nafasi, mwagilia chini tu.

Mmea umedumaa bila sababu: ng'oa mmoja utazame mizizi. Ikiwa na vinundu, ni minyoo fundo, wanaopenda sana udongo wa kichanga uliolimwa nyanya au bamia. Hapo usibishane nao, hamisha tuta.

Na kwa wanaopanda kivumbasi ili kufukuza mbu: harufu na moshi wake husaidia kiasi, lakini usiku lala ndani ya chandarua.

## Hatua ya 7: Kuvuna na kutunza

Vuna asubuhi umande ukishakauka, kabla jua halijawa kali. Rehani mbichi iweke kwenye glasi ya maji, mezani. Usiiweke kwenye friji, baridi huyafanya majani kuwa meusi.

Ya kukausha ifunge mafungu madogo, ining'inize kivulini penye upepo. Mafuta yenye harufu yamo kwenye vitezi vidogo juu ya jani, na ukianika juani yanapaa yote, unabaki na majani makavu yanayonukia nyasi. Imekauka sawasawa pale jani linapovunjika kwa sauti. Hapo itie kwenye chupa yenye kifuniko.

## Hatua ya 8: Mbegu za mwakani

Tenga mimea 3 iliyo bora, ile iliyochelewa kutoa maua, uiache ichanue. Usichague iliyowahi, kwa kuwa utakuwa unarithisha uwahi huo. Kama una mrehani wa kijani na wa zambarau, acha aina moja tu ichanue kwa wakati mmoja, maana nyuki hawatenganishi.

Vishada vikigeuka kahawia kuanzia chini, kata, tia kwenye mfuko wa karatasi, ning'iniza wiki mbili. Fikicha kwa viganja juu ya ungo, peta taratibu, makapi yataruka na zile punje nyeusi zitabaki. Zianike kivulini siku mbili zaidi. Zifunge kwenye karatasi, andika aina na mwezi, uweke kwenye kopo lenye kijiko cha majivu makavu chini yake. Machi ikifika, chukua 20, uzipange kwenye sahani.